Yaya wa Danielle

Neno lenyewe ni fupi, hata mtoto asiye na jino analiweza: yaya. Pale Likasi, kusini mwa Kongo, ukisikia mtu mzima na ndevu zake anaita "Yaya!" barabarani, usimcheke. Anamwita aliyemtangulia tumboni mwa mama, awe dada mkubwa au kaka mkubwa, na atamwita hivyo mpaka mmoja wao azikwe. Waluba wanalo neno hilo, wasemao Kilingala wanalo, na wenye haraka hulikata wakabaki na "Ya" tu: Ya Guy, Ya Jenny. Mdogo akimwita mkubwa wake kwa jina kavukavu, watu watauliza huyo kalelewa wapi.

Sasa panda gari, vuka mpaka, shuka mpaka Dar es Salaam. Neno ni lilelile na sauti ni ileile, ila huko yaya ni mwanamke wa kuajiriwa kulea mtoto wa watu. Wajuzi wanasema lilianzia kwa Wareno, likapita Uhindi kwenye nyumba za mabibi wa Kizungu, likaja kushuka pwani. Maneno mawili yasiyojuana hata kwa salamu, yamevaa shati moja! Na katika Likasi nzima hakuna aliyeijua habari hiyo kuliko Danielle Kitenge, ndiyo maana leo hana pa kuuweka uso wake.

Danielle ni kitinda mimba. Mkubwa wao ni Marceline, na wa katikati hawakukaa duniani. Baba na mama walifuatana kaburini Danielle akiwa bado hajaanza shule. Marceline alikuwa na mchumba wakati huo, mtu wa kiwandani, akamwambia angoje kidogo. Mchumba akangoja kidogo kweli, kisha akaoa kwingine. Marceline akachukua nyundo, akaenda Kakontwe kupasua mawe. Ukijenga Likasi unahitaji kokoto, na wanaozipasua kwa mkono ni akina mama wenye watoto wa kulisha. Kokoto hizo zilimsomesha Danielle shule ya msingi, zikamsomesha sekondari kwa masista, zikamfikisha Dar es Salaam kusomea kazi ya kutoa mizigo bandarini. Zilimlipa Marceline vidole visivyokunjuka sawasawa, jicho moja lililoingiwa na kipande cha jiwe likabaki kuona ukungu, na vumbi la chokaa lisilotoka kwenye kope hata Jumapili akienda misa.

Huko Dar Danielle akampata Gaudence Komba, kijana wa Songea, mpole, wakala wa mizigo. Walipendana bila vituko. Gaudence alilelewa na shangazi yake, Mama Restituta, mwanamke mnene, mcheshi, mwenye sauti ya kuita watu ng'ambo ya mto, naye akataka kumwona huyo binti wa Kongo. Akamwalika chakula cha Jumapili nyumbani kwake Kimara.

Danielle alikaa kwenye kochi zito, miguu juu ya vigae vinavyong'aa mpaka unajiona. Wali ukaliwa, maswali yakaanza.

"Wazazi wako wapi, mwanangu?"

"Walishafariki, shangazi. Nikiwa mdogo."

"Maskini! Sasa nani kakulea?"

"Yaya yangu."

Lilimtoka kama linavyomtoka kila mtu wa kwao. Mama Restituta akaweka kijiko chini.

"Yaya? Wazazi wamekufa na yaya akabaki? Basi mlikuwa na uwezo, jamani! Gau, umesikia? Huko kwao yaya analea mtoto mpaka chuo!"

Danielle akaelewa papo hapo. Alikwisha kuishi Dar muda wa kutosha. Alijua yaya ni nani. Alichotakiwa kusema ni neno jingine moja tu, dada, na jambo lingeisha kwa kicheko. Lakini akatazama vigae. Akamtazama Mama Restituta anavyomwangalia sasa, kwa macho ya kumpandisha cheo. Akamwona Marceline amechuchumaa juani, kitambaa kimefungwa puani, nyundo juu, nyundo chini. Aibu ikamkaba, na aibu ikikukaba usipojitahidi inakusemea yenyewe.

"Ndiyo," akasema. "Tulikuwa naye tangu zamani."

Loo! Haya na yaya hayapishani hata herufi mbili, na bado Danielle akayakosa yote kwa mpigo mmoja.

Usiku ule hakulala vizuri. Akachukua simu akaanza kulitafuta neno, maana mwenye kosa hutafuta wakili hata kwenye mashine. Akakuta Wagiriki wakisema hivyo wanamaanisha bibi mzaa baba au mzaa mama. Wahispania nao ni bibi. Wahausa kule Nijeria wanamaanisha mkubwa wako, kama Likasi kabisa, na wakibadili sauti kidogo inakuwa swali: vipi? Wafilipino wanamaanisha mlezi wa kuajiriwa. Danielle akajifariji: neno lina nyumba nyingi, nani ataniambia nimeingia nyumba isiyo yangu? Sikusema uongo, mama yule ndiye kasikia anavyosikia. Hoja nzuri, ila mwenyewe hakuiamini hata alipokuwa akiisema. Na asubuhi Marceline alipopiga simu, Danielle akaitika, "Yambo, Yaya," na ulimi ukamwasha.

Siku zikaenda. Danielle akarudi Likasi akapata kazi kwenye kampuni ya malori, maana alijua Kifaransa, alijua Kiswahili cha kwao, na alijua kile cha madereva wa Tanzania. Mchana kutwa alikuwa anawapatanisha watu wasioelewana kwa neno. Bosi wake alimsifu kwamba kwake hakuna neno linalopotea njiani. Danielle alikuwa anainamisha kichwa, watu wakidhani ni unyenyekevu.

Kisha Gaudence akasema wanakuja kujitambulisha.

Danielle akahangaika. Akapendekeza wageni wapokelewe Lubumbashi, hotelini, ndiko karibu na mpaka. Mzee Barthélemy, mdogo wa marehemu baba yake, ambaye ndiye msemaji wa ukoo, akakataa katakata posa ipokelewe ugenini. "Mutoto wa Likasi banamuombeaka Likasi. Ku hoteli banalalaka bantu benye hawana kwao." Danielle akajaribu upande wa pili.

"Yaya, weye utachoka siku ile. Ukae tu ku nyumba, upumuzike. Tutakuletea chakula."

Marceline akacheka mpaka akakohoa. "Nipumuzike? Siku ya kukuombea weye? Na nani atapika? Ule bibi ya Mzee, Mama Simone, anaunguzaka hata maji!"

Danielle naye akacheka, ila cha mdomoni. Ukweli angeweza kuusema hapo hapo, wakiwa wawili, na Marceline angenuna wiki mbili kisha angesamehe. Akaahirisha. Akasema kesho, na kesho ikasema kesho. Mwiba wa kujichoma hauambiwi pole.

Siku ikafika. Marceline alikuwa jikoni kwa Mzee Barthélemy kabla jogoo hajamaliza kuwika. Akatwanga sombe, yaani kisamvu, akakaanga samaki, akapika kikanda, mkate ule wa mizizi na karanga ambao wageni huudhania nyama. Amevaa kitenge kipya lakini amekifunika kwa kikuukuu ili kisichafuke. Alisema atakifunua wakati wa maneno ya maana. Uwani wakapanga viti pande mbili, wa kwetu huku, wageni kule.

Wageni wakaingia, Gaudence na shati lake jeupe, Mama Restituta, na wazee wawili wapole wa ukoo wa Komba. Salamu zikapigwa. Mzee Barthélemy akatambulisha mkewe, Mama Simone, akatambulisha wengine, na alipomfikia Marceline, ambaye ndiyo kwanza anatoka jikoni na jasho lake, akasema kwa fahari, "Na huyu, njo Yaya wa Danielle."

"Aaa!" Mama Restituta akapiga makofi. "Ndiyo wewe! Nimesikia habari zako mpaka nimechoka. Hongera sana, Yaya. Kazi umeifanya!"

Marceline akapiga magoti nusu, akapiga viganja viwili kwa heshima ya kwao, uso umechanua. Mama mzima, kamzidi umri, mgeni, anamwita Yaya! Huko kwao wanalelewa hao!

Basi ikawa hivyo asubuhi nzima. "Yaya, tuletee maji ya kunawa." Marceline mbio. "Yaya, hebu nisogezee stuli, miguu imevimba na safari." Marceline anasogeza. "Yaya, viatu vyangu vimeingia tope pale getini, nipangusie kidogo, mama." Na Marceline anapangusa, anaimba chinichini. Kila akiitwa anazidi kung'aa. Akipita karibu na Mama Simone anamnong'oneza, "Ba-Tanzanie beko na heshima! Ni Yaya tu, paka Yaya! Hajaniita hata mara moja Marceline." Na Mama Simone anaitikia, "Kabisa, Danielle amepata bantu."

Uwanja mzima ulikuwa na furaha. Wa huku wanaona wale wana adabu. Wa kule wanaona nyumba hii ina mtumishi mwema. Mtu mmoja tu aliyesikia lugha zote mbili alikuwa Danielle, amekaa katikati na vazi lake la kushonewa, na kila "Yaya" lilimwingia mara mbili, mara moja kwa furaha ya dada yake, mara moja kwa kejeli isiyo na mwenyewe. Alipoona Marceline ameinama na kitambaa juu ya kiatu cha Mama Restituta, aliomba ardhi ipasuke immeze. Ardhi ya Likasi imechimbwa kila mahali, lakini hapo alipokaa iligoma kupasuka.

Chakula kikaliwa, wageni wakasifu. Ndipo Mzee Barthélemy akasimama, akakohoa kikohozi cha kazi.

Kwa ukoo wa Kitenge kuna desturi. Wageni wakisema shida iliyowaleta, hufunguliwa chupa ya divai waliyokuja nayo, glasi ya kwanza anapewa binti. Hainywi yeye. Anaibeba, anapiga magoti mbele ya mtu aliyemlea, anampa. Ikinywewa, ukoo umekubali. Hakuna haja ya maneno mengi, glasi inasema nani mama.

Mzee Barthélemy akaeleza hayo kwa wageni, polepole. Marceline akiwa mlangoni pa jikoni akakifungua kile kitenge kikuukuu, akakitupa ndani, kipya kikaonekana, cha bluu na maua ya njano. Akaja akakaa kwenye kiti cha mbele upande wa kwetu. Akanyoosha nguo magotini. Jicho zima likaanza kulengwa na machozi kabla ya wakati wake.

Danielle akapewa glasi. Akasimama.

Hatua hazikuwa nyingi. Alimwona Marceline anamngoja. Akamwona Mama Restituta anatabasamu, hajui lolote, na Gaudence kando yake. Akahesabu moyoni: nikipiga magoti kwa mtu ambaye amepangusa viatu vyao, itabidi niseme. Nikisema, watajua nimewadanganya tangu Kimara. Miguu ikakata shauri kabla yake. Akapita mbele ya Marceline, akapiga magoti mbele ya Mama Simone, akanyoosha glasi.

Mama Simone hakuipokea. Alimtazama mumewe, mumewe akamtazama Danielle.

"Danielle," Mzee Barthélemy akasema, "na Yaya yako?"

Danielle akazidi kuinyoosha glasi, divai ikamwagikia vidole. Mama Restituta, mwenye moyo mzuri, akaona pamekaa vibaya na akataka kupaponya.

"Mzee wangu, umesema kweli, hata yaya asisahaulike! Mimi sikumsahau." Akafungua mkoba wake mkubwa akatoa kifurushi. "Yaya, njoo mama. Nimekununulia Kariakoo. Aproni, ina mifuko miwili, kitambaa kizito hiki. Umelea mtoto wa watu kama wa kwako, Mungu akulipe."

Marceline akainuka. Akaipokea kwa mikono miwili kama inavyopasa. Akaikunjua, akaitazama mbele na nyuma.

"Aksanti, mama," akasema. Sauti yake ilikuwa ya mtu anayepima njia gizani. "Mama, samahani. Kule kwenu, yaya ni nani?"

"Ni nani tena? Si kama wewe! Mfanyakazi wa ndani, yule anayelea mtoto. Ukimpata mwaminifu kama wewe unamshika kwa mikono miwili, maana mshahara peke yake haumweki." Mama Restituta akasita. "Kwani hapa hawakulipi?"

Mzee Barthélemy akafungua kinywa. Marceline akamwinulia kiganja, mzee akakifunga. Marceline alikuwa anamtazama Danielle, aliyebaki magotini na glasi yake, na Danielle akaona uso wa dada yake unaelewa, kipande kwa kipande, kuanzia maji ya kunawa mpaka viatu.

"Bananilipaka, mama," Marceline akasema. "Bananilipaka muzuri."

Akakusanya sahani tatu zilizokuwa karibu, akaenda jikoni.

Danielle akaweka glasi chini akamfuata. Nyuma yake alisikia wa kwetu wameanza kunong'ona, na Mama Restituta anauliza kama kuna kosa amefanya.

Jikoni Marceline alikuwa ameshazamisha mikono kwenye beseni. Aproni ameitundika msumarini, vizuri, bila hasira.

"Yaya," Danielle akasema.

"Unaniita kwa Swahili gani?"

Marceline akasugua sahani.

"Ulijua tangu wapi?"

"Tangu Dar. Mama yule aliniuliza nani alinilea... minye nikasema Yaya... Akasikia vile banasikiaka kwao. Na minye nikaacha."

"Ukaacha." Marceline akatikisa kichwa. "Na ku telefone ulikuwa unaniitaka kila siku. Yaya, yambo. Yaya, umelala muzuri? Kumbe ulikuwa unaita mutu wa kazi."

"Hapana, Yaya, Mungu wangu! Ilikuwa haya. Nilisikia haya."

"Haya ya minye."

Danielle akaitazama ile mikono ndani ya beseni. Ilikuwa haya ya vidole vile, ya jicho lile, ya kope zile nyeupe. Akalia. Marceline hakumfuta machozi, na tangu Danielle azaliwe hilo halikuwahi kutokea.

"Asubui yote nimekimbia," Marceline akasema, akiongea na beseni. "Nilikuwa naona mama ananipa heshima. Nimepangusa viatu na roho yangu yote." Akaisuuza sahani. "Bon. Nyamaza. Enda, umupe Mama Simone ile glasi, anywe. Ndoa ipite. Minye nishasema bananilipaka, inatosha."

Hapo Gaudence akatokea mlangoni, amebeba glasi tupu nne kwa vidole, kijana mwema anayependa kusaidia. Akamwona Danielle analia, akadhani ni machozi ya bibi harusi. Akampa Marceline zile glasi, akainama kidogo, akatabasamu.

"Pole na kazi, Yaya."

"Aksanti, bwana," Marceline akasema, akainamisha macho kama wanavyoinamisha watumishi.

We, acha tu. Yale macho yaliyoinama ndiyo yaliyomshinda Danielle. Akamshika dada yake mkono, ukiwa na povu lake, akamvuta mpaka uwani, Marceline akisema "Uniache, uniache," na Gaudence akifuata nyuma haelewi kitu. Wakasimama katikati ya viti.

"Shangazi," Danielle akasema kwa Kiswahili cha Dar. "Huyu ni dada yangu."

Mama Restituta akatabasamu kwa huruma. "Ndiyo, mwanangu, hata sisi siku hizi tunasema dada. Dada wa kazi. Hausigeli halipendezi."

Jamani! Hata mlango huo ulikuwa umefungwa kwa ndani. Danielle akavuta pumzi.

"Si dada wa kazi. Tumbo moja. Baba mmoja, mama mmoja. Yeye wa kwanza, mimi wa mwisho. Hatujawahi kuwa na mtumishi, shangazi, tulikosa hata chumvi. Huyu anapasua mawe Kakontwe, na mawe hayo ndiyo yaliyonileta kwenu. Kwetu yaya ni mkubwa wako. Siku ile Kimara nilijua umesikia vingine, nikanyamaza, kwa sababu nilimwonea aibu. Sasa ninajionea mimi."

Mama Restituta alitazama viatu vyake vilivyopanguswa. Akavirudisha chini ya kiti, kama mtu anayetaka kuvificha.

"Mimi nimemtuma mkwe wangu maji," akasema taratibu. "Nimempa mkwe wangu kiatu changu. Kwetu mkwe hatumwi hata kiberiti! Gau, ulijua?"

"Sikujua, shangazi." Gaudence alikuwa amebadilika rangi. Alimtazama Danielle kama mtu aliyepewa mzigo wenye nyaraka za mzigo mwingine.

Mama Restituta akainuka, akachukua mkoba.

"Kokoto si aibu, binti. Ungeniambia kokoto ningekupenda zaidi. Lakini leo umemkana dada, kesho utatukana sisi."

Kwa Kiswahili chao neno hilo unaweza kulisikia mara mbili, kukana na kutukana, na Danielle alisikia mara zote mbili. Wazee wa ukoo wa Komba nao wakaanza kutafuta fimbo zao. Mzee Barthélemy alikuwa ameshika kichwa.

"Mama, ungojee."

Alikuwa Marceline. Alisimama wima, kitenge kipya kimelowa povu mbele. Hakupiga magoti wala viganja.

"Minye sijuake ile Swahili yenu. Lakini ile neno, ni minye nilimufundisha. Mama yetu alikuwa mugonjwa, minye nilikuwa namubeba ku mugongo, na njo neno lake la kwanza. Hakusema mama. Alisema yaya. Kama sasa limechafuka mu kinywa yake, ni minye mutu wa kumusafisha, si mweye. Mukienda, mutaenda na kosa la kwangu. Minye njo nilimulea. Kama kulea kwangu kuko na bovu, munipe haya minye, mumuache mutoto."

Danielle akasikia kila neno. Afadhali angempiga makofi mbele ya watu wote.

Mama Restituta akaushusha mkoba begani. Akavuka uwanja, akatoka upande wa wageni akaja upande wa kwetu, akashika mikono yote miwili ya Marceline yenye povu.

"Dada," akasema, kisha akatikisa kichwa, akajisahihisha. "Yaya. Nisamehe. Tutakaa. Tutakaa kwa ajili yako wewe."

Akakaa kando yake. Wazee wakarudi vitini. Gaudence akakaa mwisho kabisa, mikono katikati ya magoti, hakumtazama mtu. Mzee Barthélemy akaiokota glasi, akamimina upya, akampa Marceline yeye mwenyewe, maana hakuna aliyethubutu kumwambia Danielle aibebe. Marceline akaishika. Akanywa kidogo, uso haukucheka, na ukoo ukawa umekubali.

Danielle alikuwa bado amesimama katikati. Kiti chake upande wa kwetu kilikuwa hapo, karibu na cha dada yake, wazi. Akapiga hatua moja kukielekea.

"Danielle," Marceline akasema bila kugeuka. "Enda ukae kule, kwa bageni."